Kicheko Kina Mtungaji Wake

Katika vibanda vya Sumbawanga ambamo vijana huingiza filamu kwenye flashi na simu za wateja kwa malipo madogo, mnunuzi haombi filamu kwa jina la aliyeitunga, na mara nyingi hata kwa jina la filamu yenyewe haombi. Husema tu, “Kaka, niwekee ya King Majuto,” au, “Niwekee ile ya Kanumba anayosumbuliwa na mchumba,” na kijana wa kibandani huelewa papo hapo, akachagua, akaingiza, akapokea fedha yake, na biashara ikaisha pasipo yeyote kati ya wawili hao kuuliza ni nani aliyeketi peke yake, kabla ya kamera kuwashwa, akaamua kwamba mchumba asikie nusu tu ya maneno, kwamba mama mkwe aingie mlangoni wakati usiofaa, na kwamba posa iliyokwisha kukubaliwa ivunjike kwa sababu ya kuku.

Habari za mtu huyo ndizo ninazokusudia kuzieleza hapa, maana naona tumemdhulumu kwa kumsahau. Vichekesho vya mapenzi havikukosa hadhira katika nchi yetu hata siku moja, wala havikukosa visa. Kilichokosekana ni mtungaji ambaye utungaji huo ndio cheo chake na ndio mkate wake. Kwetu kazi hiyo imekuwa, tangu zama za Mwingereza hata leo, shughuli ya pembeni ya watu wenye shughuli nyingine: mtumishi wa serikali, rais, mtu wa redio, mwigizaji, na hata yule bwana anayezungumza juu ya sauti za filamu za kigeni.

Kwa kuwa jambo hujulikana vizuri zaidi likiwekwa kando ya mwenzake, tumtazame kwanza mtu ambaye kwake kazi hii imekuwa riziki na heshima. Yolanda García Serrano alizaliwa Madrid, mji mkuu wa Hispania, mwaka 1958, akawa mwandishi wa tamthilia na wa filamu, na jina lake likavuma alipoandika pamoja na wenzake watatu, Joaquín Oristrell, Juan Luis Iborra na Manuel Gómez Pereira, filamu ya mwaka 1994 iitwayo Todos los hombres sois iguales, yaani, Wanaume Wote Mko Sawa. Kisa chake ni cha wanaume watatu waliotengana na wake zao, wakahamia nyumba moja na kujitungia kanuni za kujikinga na wanawake, hata alipoajiriwa mtumishi wa kike, kanuni zile zikaanza kuwageukia wenyewe. Waandishi hao wanne walipewa tuzo ya Goya, ambayo ndiyo tuzo kubwa ya filamu nchini mwao, iliyoanza kutolewa mwaka 1987. Na la kuzingatia ni kwamba tuzo hiyo ina fungu lake mahsusi kwa ajili ya mwandishi, mbali na la mwigizaji na mbali na la mwongozaji. Baadaye yeye na Iborra wakaongoza wenyewe filamu walizoziandika, Amor de hombre ya mwaka 1997 na Km. 0 ya mwaka 2000. Basi huyo ni mtu aliyeishi kwa kuwachekesha watu juu ya mahaba, na wenzake na watazamaji wake wakamtambua kwa kazi hiyo hiyo.

Na kazi yenyewe ni nini? Wengi hudhani ni kutunga maneno ya kuchekesha, lakini maneno ya kuchekesha mwigizaji hodari aweza kuyaokota mwenyewe mbele ya kamera. Marehemu King Majuto wa Tanga, aliyefariki Agosti 2018, alikuwa na hazina ya hayo isiyokwisha, na mara nyingine ilitosha atazame tu bila kusema neno. Kazi ya mtungaji wa kichekesho cha mapenzi ni kuchelewesha. Tangu mwanzo mtazamaji anajua kwamba yule kijana na yule binti wataoana, na anataka waoane. Mtungaji hana budi kumzuilia haja yake hiyo kwa muda wa saa moja na nusu, na amzuilie kwa namna ambayo badala ya kuudhika atafurahi.

Chukua kisa hiki, ambacho nimekibuni kwa ajili ya maelezo tu. Vijana wawili wa Laela, watoto wa dada wawili, wameazimia kuoa, mmoja kwa familia ya Mpui na mwingine kwa familia ya Sumbawanga mjini, na kwa kubana matumizi wamemtuma mshenga mmoja, mjomba wao, mzee wa heshima ambaye miwani yake imepasuka kioo kimoja, apeleke barua zote mbili za posa kwa siku moja. Bahasha ni nyeupe zote mbili, zimenunuliwa duka moja, na ndani ya kila moja mna fedha ya kufungulia barua. Mzee anapanda gari, anabanwa kati ya gunia la maharage na mama mwenye mtoto, anateremka Mpui, anatoa bahasha, anapokelewa kwa shangwe, anaendelea mjini, anatoa ya pili. Na jioni, akiwa amekwisha kula na kusifiwa, anabaini ya kuwa ameposa kinyume, na kwamba wazee wa pande zote mbili wamekubali.

Mpaka hapo hapana kichekesho, pana kosa. Mtungaji mvivu atawafanya vijana wapige kelele, na msikilizaji atauliza mara moja kwa nini hawapigi simu, maana zama za simu zimewatia watungaji wa dunia nzima katika mashaka makubwa: yale yote ambayo zamani yaliwatenganisha wapenzi kwa miezi sita sasa yanamalizwa na ujumbe mmoja. Mtungaji hodari atatafuta sababu ya kulifanya jambo lisisemeke ijapokuwa simu iko mkononi. Na hapa ndipo mwandishi wa huku kwetu Ufipa ana bahati kuliko mwandishi wa Madrid, kwa kuwa adabu zetu zimemtengenezea kufuli tayari. Kijana hawezi kumwambia mkwe mtarajiwa, “Baba, shikamoo, barua uliyoikubali si yangu,” bila ya kumvunjia heshima mjomba wake mbele ya watu wa mbali. Binti hawezi kusema kwamba hakumtaka huyu bali alimtaka yule, kwa sababu hakutarajiwa kuonekana anataka mtu yeyote. Na mjomba mwenyewe, ambaye usiku ule hapati usingizi, atapendelea ndoa mbili zifungwe kwa makosa kuliko ijulikane katika Laela yote kwamba hasomi tena anwani. Kila mmoja anajua, kila mmoja ananyamaza kwa adabu, na adabu ile ile inayowatesa ndiyo inayotuchekesha. Waandishi wa Todos los hombres, ambao watu wao huambizana kila kitu waziwazi, walilazimika kuwatungia kanuni za nyumbani ili wapate kitu cha kuvunja. Sisi tunazo kanuni tangu kwa babu zetu, na laiti tungeziandika.

Si kwamba hatukujaribu. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, serikali ya Mwingereza ilipokuwa ikishirikiana na kampuni ya Afrika Kusini kutengeneza filamu za Kiswahili katika Tanganyika, kijana mmoja wa Songea aliyekuwa mtumishi wa mambo ya ustawi na maendeleo ya jamii akawa mwigizaji mkuu wa filamu iitwayo Muhogo Mchungu. Kijana huyo ni Rashidi Mfaume Kawawa, ambaye mwaka 1955 akawa miongoni mwa walioasisi shirikisho la vyama vya wafanyakazi, na Januari 1962 akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Vizazi vilivyomjua kwa lakabu ya Simba wa Vita havikuwa na habari kwamba aliwahi kuwachekesha watu kwenye pazia jeupe. Miaka saba baadaye Rais mwenyewe, Mwalimu Nyerere, alitoa tafsiri yake ya Mabepari wa Venisi, mchezo wa Shakespeare ambao watu hukumbuka ndani yake deni na ratili ya nyama, wakasahau kwamba nusu yake ni kichekesho cha mapenzi kilicho kamili: posa ya visanduku vitatu, bibi arusi anayejivika nguo za wakili, na pete mbili ambazo waume wamezitoa bila kujua wanampa nani. Kabla yake A. Morrison alikuwa amekwisha kumleta Molière wa Ufaransa katika Kiswahili kwa Mchuuzi Mwungwana, ambamo kijana asiyekubaliwa na baba wa mpenzi wake anajifanya mwana wa sultani wa Waturuki, naye mzee kwa kupenda ukubwa anamtoa binti yake kwa furaha. Ni nadra kuona taifa ambalo viongozi wake wawili wa kwanza wameshika, mmoja kwa uso wake na mwingine kwa kalamu yake, sanaa ya kuchekesha. Lakini kwa wote wawili ilikuwa kazi ya saa za ziada.

Nyumba za sinema za pwani, wakati huo, zilikuwa zikijaa watu kwa ajili ya filamu za Kihindi. Awara ya mwaka 1951 ilipendwa mno na nyimbo zake zikaimbwa na watu wasiojua Kihindi hata neno moja. Nao waliokuwa wakiimba walimtaja Raj Kapoor, wala hawakumtaja Khwaja Ahmad Abbas aliyeiandika, ambaye ndiye aliyeandika pia Shree 420 na Bobby. Kwa hiyo dhuluma hii si ya Sumbawanga peke yake.

Kwetu Ufipa, ambako nyumba za sinema zilikuwa habari za mbali na umeme ulichelewa, chombo cha vichekesho na mapenzi kilikuwa redio ya betri. Hapa pana kiungo ambacho wachache wanakifahamu kati ya uwanda wetu na ulimwengu wa lugha ya Kihispania. Katika miaka ya 1970 mtunzi mmoja wa Meksiko, Miguel Sabido, alibuni utaratibu wa kutunga michezo mirefu ya televisheni ambamo kuna mtu mwema wa kuigwa, mtu mbaya wa kuepukwa, na katikati yao mtu wa kawaida anayeyumba kati ya hao wawili, ambaye mtazamaji humfuata kwa kuwa anajiona ndani yake. Mchezo wake Ven conmigo wa mwaka 1975 uliwavuta watu wazima wengi kwenda kujifunza kusoma, na Acompáñame ulihusu uzazi wa mpango. Utaratibu huo ukavuka bahari, na Julai 1993 Redio Tanzania Dar es Salaam ikaanza kutangaza Twende na Wakati, mara mbili kwa wiki, ukiwa na shabaha ya kuwafundisha watu uzazi wa mpango na kujikinga na ukimwi.

Aliyeusikiliza mchezo ule hatamsahau Mkwaju, dereva wa lori, mwenye mke nyumbani na wapenzi njiani, wala Tunu mkewe aliyeanza kwa kuvumilia na akamalizia kwa kujitegemea. Waandishi wa redio walipewa mafunzo, wakapangiwa kipi kisemwe na kipi kitokee katika sehemu ipi, na watafiti wakalipima jambo lile kwa kuiacha Dodoma bila matangazo hayo hadi mwaka 1995 ili ilinganishwe na sehemu nyingine. Nimefikiri mara nyingi kwamba huo ndio wakati pekee ambapo mwandishi wa visa vya mapenzi katika nchi hii alitendewa kama fundi anayehitajika, na sababu yake haikuwa mapenzi wala kicheko, bali ilikuwa maradhi. Hali kadhalika filamu Chumo ya mwaka 2011, iliyoongozwa na Jordan Riber, yenye mvuvi maskini, binti mzuri na tajiri mpinzani, na marehemu Sharo Milionea ndani yake akiwachekesha watu, ilitengenezwa ili kuwakinga wajawazito na malaria. Siwalaumu waliotoa fedha. Nasema tu kwamba mahaba yetu yamezoea kusindikizwa na muuguzi.

Kisha likaja wimbi la filamu za video. Vikundi vya maigizo ya televisheni, hasa Kaole Sanaa Group kupitia ITV, vilikuwa vimekwisha kuwazoesha watu nyuso fulani, na mwaka 2003 George Tyson, mwongozaji mzaliwa wa Kenya, akatoa Girlfriend, filamu ya mapenzi na muziki iliyowakutanisha waigizaji na wanamuziki wa kizazi kipya, kama Monalisa na TID. Baada ya hapo Kariakoo ikawa kiwanda. Ikumbukwe kwamba Steven Kanumba, aliyetoka Kaole na aliyefariki Aprili 2012 akiwa bado kijana, akazikwa Kinondoni, Dar es Salaam, kwa umati ambao mji ule huuona mara chache, alikuwa mwigizaji, mwongozaji na mtungaji wa visa kwa pamoja. Na hivyo ndivyo walivyokuwa wenzake wengi, kwa sababu bajeti haikuwa na nafasi ya mtu ambaye anaandika tu.

Biashara yenyewe ndiyo iliyoamua umbo la hadithi. Msambazaji alinunua filamu kwa mkupuo, akamaliza, na faida ya baadaye ikawa yake; naye, ili auze mara mbili, alitaka kila filamu iwe na sehemu ya kwanza na sehemu ya pili, kila moja katika diski yake. Basi mwandishi, kama alikuwapo, alitakiwa kuuvuta mkasa uliotosha dakika tisini ujaze saa tatu, na kuliweka fumbo kubwa zaidi katikati ili mtu aliyekwisha kununua ya kwanza asipate usingizi bila ya pili. Ndiyo maana tuliona magari yakiegeshwa taratibu, geti likafunguliwa, geti likafungwa, na mtu akipanda ngazi zote za ghorofa kabla ya kusema “hodi”. Watazamaji wakawacheka waongozaji, ilhali aliyestahili kuchekwa ni hesabu ya diski mbili. Skripti mara nyingi ilikuwa orodha ya sini tu, kila sini mstari mmoja au miwili, na maneno yakaachwa kwa waigizaji. Njia hiyo ilifaa sana kwa Majuto, na haikufaa kwa wale wasio na kipaji chake, ambao wakiachwa bila maneno hurudia yale yale kwa sauti kubwa zaidi.

Katika kadhia hii pana kioja kimoja. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya mwaka 1976 humtaka mwenye kupiga filamu aombe kibali kwanza na kuonyesha kilichoandikwa. Kwa hiyo kwa mujibu wa sheria kila kichekesho kina msomaji wake wa kwanza, naye ni afisa wa serikali, na huenda mara nyingine ndiye msomaji pekee.

Mwaka 2011 TBC ilianza kuonyesha mchezo wa Kichina uliotiwa sauti za Kiswahili, habari za Doudou, muuguzi wa Beijing aliyeolewa na kijana ambaye wazazi wake wameachana, na kwa hiyo akajikuta na mama wakwe wawili wa kuwaridhisha. Watu waliupenda hata Rais Xi Jinping alipohutubia Dar es Salaam Machi 2013 akautaja. Wengi walistaajabu kwamba Wachina wana mama wakwe kama sisi. Lakini mchezo ule uliandikwa na mwanamke mmoja, Wang Liping, mwandishi mzoefu wa visa vya ndoa na nyumba, ambaye hakuna aliyewahi kumsikia hapa. Na ustadi wake umo katika jambo dogo hili, kwamba hakuna hata mmoja kati ya mama wakwe wale aliye mbaya. Kila mmoja ana haki yake, na Doudou anapompendeza mmoja amekwisha kumwudhi mwingine. Filamu zetu nyingi zimemfanya mama mkwe kuwa shetani, na shetani hachekeshi kwa muda mrefu.

Mtungaji wa mwisho katika orodha yangu atawashangaza wengine, naye ni mtafsiri wa mabanda ya video. Lufufu, aliyejulikana kuliko wote katika kazi hiyo, hakuwa akifasiri maneno ya filamu za kigeni tu. Aliyaongezea, akawapa wahusika tabia ambazo wenyewe hawakuwa nazo, akawasuta, akawaonea huruma, na busu la Kizungu lisilo na maneno likapata maelezo yaliyowavunja watu mbavu. Mwenye kutaka kujifunza namna ya kuandika kichekesho cha Kiswahili cha mapenzi na asikilize jinsi mtu kama huyo anavyosubiri nusu sekunde kabla ya neno, maana hiyo nusu sekunde haimo katika kitabu chochote.

Na visa je, kwa mwandishi wa huku juu? Mtaalamu wa Uingereza, Roy Willis, aliyekaa Ufipa mwanzoni mwa miaka ya 1960, alizikusanya ngano za Wafipa na mwaka 1978 akazitoa katika kitabu kizima, There Was a Certain Man, jambo ambalo sisi wenyewe tulikuwa tukiliona ni mazungumzo ya jioni tu. Lakini kisa ambacho mimi ningekishika si ngano, ni kile cha asili ya utawala wa Ufipa: jinsi mfalme wa Milansi alipokwenda kuwinda akamwusia mkewe kwamba wakija wageni asiwape kiti chake, nao wageni wakaja kweli, wanawake watatu wa Kitwa kutoka mbali, wakakaribishwa, wakakaa juu ya kile kigoda cha enzi, na kwa kukaa huko wakautwaa utawala wa nchi, mfalme wa Milansi akabakiwa na mamlaka ya matambiko. Wazee hukisimulia kwa uzito kama habari ya dola. Mtungaji wa vichekesho atakisoma kwa jicho lingine, akaona kwamba ndani yake mna mume anayesafiri, mke anayeachiwa amri moja isiyopatana na ukarimu aliolelewa nao, na wageni wanawake wanaojua vizuri kabisa kwamba hakuna mwanamke wa Kifipa atakayemwacha mgeni asimame. Ningeanza na asubuhi ya safari: bwana anafunga mikuki yake, anasema usiwape kiti, anatoka, anarudi, anasema tena usiwape kiti, anafika mlangoni, anageuka, naye mkewe, ambaye amekwisha kuchoka kusikia, anamjibu, “Nimesikia, mume wangu, nenda, nyama haziji zenyewe,” huku akikifuta kigoda kile vumbi kwa upindo wa nguo yake.